Nihamisheni

Mwongo hupenda kuongeza chumvi. Revocatus, mtendaji wa kata ya Nyabusalu, hakuongeza hata punje, na hilo ndilo lililomkera Akinyi Ojwang. Alikisoma kiapo chake tena Ijumaa ile asubuhi, akaishia pale pale, aya ya tano:

"Kwamba mwezi wa nane mwaka huu, nikitoka feri kurudi ofisini, nilimsikia mwombaji kwa masikio yangu akitamka hadharani, mbele ya wananchi wengi: Nihamisheni! Nimechoka na mwalo huu. Nipelekeni hata Tunduru, nitakwenda kwa miguu."

"Na kweli wakampangia Tunduru," alisema wakili Josephat Luhaga, akijipepea na faili. "Angesema Ulaya sijui wangefanyaje."

Hakuna aliyecheka. Mwombaji mwenyewe alikuwa ameketi mbele yao, mkoba mapajani, kama mtu aliye kituoni. Huyu ni Gladness Ndahani, Mgogo wa Bahi, afisa uvuvi aliyesimamia mwalo wa Nyabusalu, pale mitumbwi inaposhusha samaki. Alipopewa barua ya uhamisho alikimbilia Mahakama Kuu, kuomba uhamisho usimame mpaka kesi yake isikilizwe. Alidai hakuulizwa, hakuelezwa sababu, na mazingira yake hayakuangaliwa. Halmashauri, mwajiri wake, ikajibu kwa mkato: kaomba mwenyewe.

"Jumatatu jaji ataniuliza swali moja," Josephat aliendelea. "'Wakili, mteja wako analalamika kupewa alichokiomba?' Nitafungua mdomo nitoe nini? Zuio likikataliwa, mama hapa inabidi afungashe wiki hiyo hiyo. Asiporipoti ni mtoro. Na mtoro kazini hana kazi."

"Na nikiripoti, mwanangu je?" Gladness aliuliza. Mwanawe alikuwa na sikoseli, na miaka yote alitibiwa Mwanza. "Hapa akizidiwa najua mlango wa kugonga, na daktari anamjua kwa jina. Nikaanze kuuliza njia ugenini, mtoto yuko mgongoni, analia mifupa?"

Akinyi alikuwa mpelelezi wa polisi kabla ya kustaafu na cheo cha sajini na kuhamia kwenye ofisi ya Josephat, na watu walikuwa hawajaacha kumwita afande. Hakuwa mtu wa kubembeleza. Alimwonea huruma Gladness, lakini huruma haijawahi kushinda kesi.

"Ulisema au hukusema?"

"Sikusema."

"Hata kwa hasira? Umegombana na mtu mwaloni, ukaropoka?"

"Afande, sijawahi kuomba uhamisho. Si kwa mdomo, si kwa kalamu. Haki ya Mungu..."

"Usiape tena. Umeshaapa mahakamani. Wewe na Revocatus mna ugomvi?"

"Wala. Kijana mzuri tu. Akienda kwao Bukoba huniletea senene."

"Nani basi anataka uondoke?"

"Nilichoma makokoro ya watu, nyavu haramu. Wenye nyavu zile wana ndugu huko juu. Lakini hao hawakuapa. Aliyeapa ni Revocatus, ndiyo maana sielewi."

Akinyi naye hakuelewa. Mteja anasema hakusema, shahidi asiye na kinyongo anasema alisema, tena neno kwa neno. Mmoja wao alikuwa akidanganya, na akiangalia kwa macho ya kipolisi, dalili zilimwelekea mteja. Ndipo jicho lake liliponasa neno moja.

"Wakili. Anasema alikuwa akitoka feri. Mwezi wa nane."

"Sasa?"

"Daraja la Kigongo lilifunguliwa mwezi wa sita. Vivuko vikasimama. Alitoka feri ipi?"

Josephat aliruka kutoka kitini, mkubwa mzima. "Njia ya mwongo fupi! Nenda, Akinyi. Chukua gari. Niletee mtu wa kusema mwezi wa nane hapakuwa na feri, nami nitakinyonyoa kiapo hicho manyoya yote."

Akinyi aliondoka na funguo. Furaha ile ilidumu mpaka Kigongo, maana hata kabla hajazima injini, dereva wa bodaboda aliinama dirishani akiwa na tabasamu pana.

"Mama, una mzigo wa kutuma? Natoka hapa feli naenda mpaka Nyabusalu."

"Unatoka wapi?"

"Hapa feli."

Akinyi alishuka. Kando ya barabara mama mmoja alikuwa akikaanga sato, karai limejaa. Akinyi aliagiza mmoja, kwa sababu mpelelezi asiyenunua kitu haambiwi kitu.

"Mama, feri iko wapi hapa?"

"Umeikanyaga."

"Mimi naona daraja."

"Daraja ni la magari," alisema yule mama, akimgeuza samaki. "Hapa ni feri. Nimezalia watoto hapa feri, wamesomea hapa feri, na samaki huyu utakula hapa feri. Jina litaondoka kwa sababu wamemwaga zege?"

Basi, ngoma ikapasuka pu! Josephat angesimama mbele ya jaji aliyekaa Mwanza muda mrefu, aseme hakuna feri, na mahakama nzima imcheke. Akinyi alimla yule sato taratibu huku akianza upya. Kama feri si uongo, na ugomvi haupo, basi huenda kiapo chote ni kweli. Kweli iliyokaa vibaya.

Aliirudia aya ile kichwani. Hadharani, mbele ya wananchi wengi. Akashangaa hakuliona hilo mapema. Mtendaji wa kata ni mtu wa mihtasari. Ukimwuliza alikuwa wapi, atakwambia mkutano wa hadhara, mnada, kikao cha maendeleo, na mwenyekiti alikuwa fulani. Haandiki "wananchi wengi" na kuliacha kusanyiko halina jina, kama mwizi aliyeacha ng'ombe na kung'oa kengele. Revocatus alijua fika watu wale walikusanyikia nini, na hakutaka jaji ajue.

"Mama, mwezi wa nane kulikuwa na mkusanyiko wowote njia ya kwenda ofisi ya kata? Watu wengi?"

"Mkutano?"

"Chochote."

"Mikutano haikuwapo, walikuwa wanangoja mvuvi mmoja aliyezama apatikane. Baadaye ukawa msiba wa Mzee Mashimba wa mwaloni. Hoo! Watu kama siafu. Turubai lilifunga njia, bodaboda wote wakashuka wakasukuma kwa heshima. Hata mtendaji alipita hapa akanunua samaki, akaenda akakwama huko huko." Mama yule alicheka ghafla, kisha akajizuia. "Msiba ule ulikuwa na raha yake. Mtani wao aliwavunja watu mbavu."

"Mtani gani?"

"Yule Mgogo. Bibi samaki."

Akinyi aliacha mifupa ya samaki kwenye sahani, akaenda kusimama kivulini mwa gari na kumpigia Gladness.

"Ulikuwa msibani kwa Mzee Mashimba?"

"Nilikuwa. Mimi mtani wao, ningekosaje? Wasukuma wangenisema mpaka leo."

"Ulifanya nini?"

"Kazi ya mtani, afande. Nililala mlangoni nikawazuia wasitoe jeneza. Niliwaambia wala michembe hawa, watu wa viazi vikavu, hawajui hata kulia. Wakaniambia, Mgogo, leo umekuja kuomba nini? Tukacheka. Halafu nikamwigiza marehemu. Nilimrithi kiti pale mwaloni, namjua alivyokuwa anakohoa na anavyo..."

Akinyi aliibana simu sikioni.

"Afande," sauti ilirudi, imepungua. "Lile lilikuwa neno la Mzee. Asubuhi akifungua ofisi lazima aliseme. Nihamisheni, nipelekeni hata Tunduru. Mwalo mzima unalijua. Nilikuwa yeye. Nilikuwa nimevaa koti lake!"

"Kwa nini hukutuambia?"

"Ningewaambiaje? Sikusema mimi!"

Hapo Akinyi alikiona kichekesho chote, na hakikumchekesha. Kwao Shirati hakukuwa na utani na Wagogo wala Wasukuma, lakini hakuna Mtanzania asiyejua kwamba mtani msibani huvaa nguo za marehemu na kusema kwa kinywa chake, na mwenye kununa ndiye mwenye kosa. Gladness aliapa kweli. Revocatus aliapa kweli. Aliyeomba uhamisho alikuwa maiti.

Ofisi ya kata ilikuwa wazi. Revocatus, kijana mrefu mwenye shati lililopigwa pasi vizuri, alisimama alipomwona mtu mzima akiingia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Naitwa Akinyi Ojwang, natoka kwa wakili wa Gladness Ndahani."

Salamu ile ilimpotea usoni. "Mimi niliyoyajua nimeshayaapia."

"Ndiyo maana nimekuja kukushukuru. Tumekubali kuwa aya ya tano ni kweli. Aliyasema yale maneno."

Revocatus alikaa, mabega yakashuka. "Mimi siwezi kumsingizia dada Gladness. Nilisikia kwa masikio yangu."

"Hata macho ulikuwa nayo. Alikuwa amevaa nini?"

"Nguo."

"Nguo gani?"

"Mama, mimi sishughuliki na nguo za wanawake."

"Hazikuwa za mwanamke."

Revocatus aliinuka, akafunga mlango, akarudi. Alipozungumza tena alikuwa akiitazama meza.

"Koti."

"La nani?"

"La Mzee."

"Na kofia?"

"Na kofia. Na miwani yake ile ya kamba."

"Sauti?"

"Ya Mzee. Mpaka kikohozi. Nilicheka mpaka nikaangusha samaki, Mungu anisamehe."

"Kicheko hukukiapia. Wala msiba."

"Niliulizwa alisema au hakusema. Sikuulizwa alisema kama nani."

"Na aliyekuuliza alijua?"

"Kulikuwa na watumishi kibao pale. Mmoja alikwenda kusimulia huko juu, mimi nadhani kwa kuchekesha tu. Siku nyingine naitwa. Naambiwa, kumbe yule mama ameomba kuhama? Nikasema, wakubwa, ile ilikuwa... Nikakatwa. Alisema, hakusema? Nikasema alisema. Karatasi ikaja imeshaandikwa."

"Basi andika nyingine. Ongeza ulipokuwa na alichovaa. Mistari miwili tu."

Revocatus alitikisa kichwa, na macho yake yalikuwa ya mtu mwenye aibu ya kweli. "Nikiandika hiyo, mwezi ujao barua ya uhamisho inakuja kwa jina langu. Mke wangu ndiyo kwanza amepata kazi ya ualimu hapa. Ana mimba. Nimemwona dada Gladness anavyohangaika na mtoto, mama. Silali. Lakini siandiki."

Akinyi hakumtukana, ingawa tusi lilikuwa limeshafika kooni. Mtu huyu hakuwa mwovu, alikuwa mwoga, na mwoga hukunja mkia hata ukimpiga. Josephat angeweza kuomba aletwe kizimbani ahojiwe, lakini hilo lisingewezekana kabla ya Jumatatu, na Jumatatu ndiyo iliyokuwa shingoni mwa Gladness. Watumishi wengine waliokuwapo wangejibu kama Revocatus. Majirani wangeambiwa wamepangwa. Alibaki mmoja ambaye hakuna wakili wa serikali angethubutu kumwambia hakuwapo, naye ni mwenye msiba.

Bibi Teodora, mjane wa Mashimba, alikuwa uani akikata viazi vitamu vya michembe na kuvitandaza kwenye mkeka vikauke. Akinyi alimwamkia, akapewa kigoda, akatoa pole. Kisha akachukua kisu cha pili na kuanza kukata naye, maana mikono ikiwa na kazi mdomo hulegea.

"Wewe si mtu wa hapa," alisema bibi.

"Mimi Mjaluo, mama. Wa Shirati."

"Kwenu mna watani?"

"Si nyinyi."

"Ndiyo maana viazi unavikata vinene." Bibi alicheka kidogo. "Haya. Hukuja kwa michembe."

"Nimekuja kuuliza habari za koti la mzee, siku ya mazishi."

Bibi Teodora hakushtuka. "Nililitoa sandukuni mwenyewe, nikampa Gladness. Nikamfunga na vifungo. Nilikuwa nimelia tangu alfajiri, kichwa kinapasuka. Yule binti akatoka nje, akaweka mikono nyuma, akakohoa. Mwanangu, nilisahau kwamba mume wangu yumo ndani ya jeneza. Niligeuka nikamwitikia! Watu wakacheka, nikacheka na mimi, ndipo nikapata nguvu ya kwenda makaburini. Namshukuru mpaka kesho."

"Alilisema lile neno lake? Nihamisheni?"

"Angeachaje? Bila neno hilo angekuwa mtu mwingine."

"Mama, nakuomba Jumatatu uje Mahakama Kuu, umwambie jaji hayo uliyoniambia."

Kisu cha bibi kilisimama. "Hapana."

"Mama..."

"Hapana, mwanangu. Maneno ya mtani hayatoki msibani. Tunayafukia na udongo. Kesho niyapeleke mahakamani yaandikwe, fulani alisema hivi, fulani alivaa vile, nani atathubutu tena kuja kututania? Mimi ni mzee. Siku yangu ikifika, nani atanivalia gauni? Nizikwe kimya kama mwizi?"

Akinyi aliyafikiria hayo. Yalikuwa na uzito kuliko hoja nyingi alizozisikia mahakamani, na hakuwa na sheria ya kuyajibu. Alikuwa na habari tu.

"Yameshatoka, mama. Yako mahakamani tayari. Mtu aliyatoa hapa kwako akayapeleka kwa wakubwa, nao wakayaandika kuwa ni ya Gladness. Wanasema kaomba kuhama. Wamempa Tunduru."

Bibi Teodora aligeuka kumtazama. "Si alisema kasafiri na mtoto kliniki."

"Alikuonea haya kukwambia, au hakujua yametokea kwako. Leo ndiyo amejua. Zuio likikosekana Jumatatu, anaondoka au anafukuzwa kazi. Na mtoto yule unamjua."

"Namjua. Huja hapa anakula michembe yangu na maumivu yake." Bibi aliweka kisu chini, akajifuta mikono kwa kanga, polepole, kidole kimoja kimoja. Alipoanza kusema sauti yake ilikuwa ya chini, na Akinyi aliacha kukata.

"Mimi nimeolewa na mtu yule akiwa kijana pale mwaloni. Kwao ni Kisesa. Mama yake alikuwa peke yake, haoni. Akaomba uhamisho arudi karibu. Akaandika. Hawakujibu. Akaenda mwenyewe, akakaa kwenye benchi lao mpaka wakafunga ofisi. Alipiga magoti, mwanangu, mwanamume yule, nikiwa nimesimama namwona. Mama yake akafa anamngoja. Baada ya hapo ndipo alipoanza mzaha ule. Nihamisheni, hata Tunduru. Watu walicheka. Mimi nilijua analia. Akasema hivyo mpaka akastaafu, na hakuna mkubwa hata mmoja aliyegeuza shingo."

Aliinuka, akaukunja mkeka nusu, akavifunika viazi.

"Aliomba yu hai, hawakusikia. Ameomba yuko ndani ya jeneza, wamesikia! Tena wamemhamisha mtani wangu!" Machozi yalimtoka sasa, na hakuyafuta. "Waliovunja mwiko ni wao, si mimi. Jumatatu saa ngapi?"

"Saa tatu asubuhi. Nitakufuata kwa gari, mama. Wakili atakuandikia kiapo kesho."

"Na huyo jaji ni Msukuma?"

"Hapana, mama."

"Mgogo?"

"Hapana."

"Haya," alisema Bibi Teodora. "Nitamweleza polepole."